Kiti cha Marehemu

Nchini India, mjane au mtoto wa mtumishi wa serikali aliyefia kazini akikubaliwa kupewa ajira ya huruma, huwekewa mbele karatasi moja ya kusaini. Katika karatasi hiyo anaahidi kwamba atawatunza wote waliokuwa wakimtegemea marehemu: mama, wadogo zake, na yeyote mwingine aliyekuwa akila kwa mshahara ule. Ikija kuthibitika kwamba amewatelekeza, serikali inaweza kumwachisha kazi.

Nilipoisikia habari hiyo mara ya kwanza nilicheka. Serikali iingie jikoni kwa watu kuhakikisha kaka amemnunulia dada yake sare za shule? Baadaye nikawakumbuka baba zangu wadogo na kikao cha ukoo kilichofanyika chini ya mwembe wetu, na kicheko kikanikauka.

Aliyenieleza alikuwa mhudumu wa ofisi katika chuo nilichosoma mjini Pune, jimbo la Maharashtra. Sisi wanafunzi tulimwita Tai, kama wanavyowaita dada zao wakubwa kule. Mama wa makamo, mwembamba, mwenye sari ya pamba iliyopigwa pasi mpaka ikasimama. Kazi yake ilikuwa kuhamisha mafaili kutoka meza moja hadi nyingine, kuitikia kengele ya mkuu, na saa tano kugawa chai kwenye vile vikombe vyao vidogo vya kioo. Mumewe alikuwa karani katika ofisi hiyohiyo. Alipofariki, Tai aliomba kazi kwa utaratibu wanaouita anukampa, akasubiri, hatimaye akaitwa. Ila meza ya mumewe hakupewa. Alipewa sinia. Makarani waliokaa miaka na mumewe, wakiletewa chai pamoja naye, sasa chai yao ililetwa na mkewe.

Nilimuuliza kama hakuumia. Akaniambia kwamba siku za mwanzo wale makarani walikuwa wakisimama kupokea vikombe, kwa aibu na heshima. Baadaye wakaacha, wakawa wananyoosha mkono tu, macho yakiwa kwenye daftari. "Walipokuwa wanasimama nilikuwa mjane," alisema. "Walipoacha nikawa mfanyakazi."

Kwa nini sinia na si meza? Sheria yao imepangwa hivyo makusudi. Katiba ya India, ibara ya 16, inampa kila raia nafasi sawa katika kuomba ajira ya umma. Kila anayeingia kwa mlango wa msiba anachukua kiti ambacho kingegombewa na maelfu, na India watu hugombea kweli: kijana anaweza kumaliza ujana wake wote akifanya mitihani ya ajira za serikali. Kwa hiyo mlango huo wameubana. Mwaka 1994 Mahakama ya Juu yao, yaani Supreme Court, ilisema kwamba ajira ya huruma si haki ya kurithi. Ni msaada wa kuivusha familia katika janga la ghafla, na nafasi zake ni zile za ngazi ya chini tu. Mtoto wa mkurugenzi hawezi kudai ukurugenzi. Waraka wa serikali kuu wa mwaka 1998, uliopangwa upya 2013, unatenga asilimia 5 tu ya nafasi zinazojazwa kutoka nje katika ngazi hizo. Majimbo yana kanuni zao. Uttar Pradesh wana za kwao tangu 1974.

Sasa fikiria asilimia 5 katika nchi ile, na watumishi wanaofariki kila mwaka. Ni lazima kuchagua, na kuchagua kati ya misiba ni kazi inayotia baridi. Wizara yao ya Ulinzi, kwa mfano, iliweka mizani ya alama 100. Inahesabiwa pensheni ambayo familia inapata, kiinua mgongo, kipato kingine na mali. Kisha idadi ya wategemezi, watoto wadogo, mabinti wasioolewa, na miaka ambayo marehemu angeitumikia serikali kama angeishi. Aliyekufa kijana anaipa familia yake alama zaidi. Kama mna kashamba, alama zinapungua. Umaskini wa familia moja unashindanishwa na umaskini wa familia nyingine, na mshindi ndiye aliyeumia zaidi. Sijui njia bora zaidi ya kufanya jambo hilo, lakini nikiwawazia makarani wanaokaa na kalamu kujumlisha alama hizo, siwaonei wivu.

Huku kwetu Tanzania, baba yangu alikuwa bwana afya katika mji mdogo wa wilaya. Wale waliokulia miji ya namna ile wanajua maana yake. Alipotokea sokoni na kofia yake, wauza samaki walifunika mabeseni, na mama ntilie mmoja alikuwa na desturi ya kumwaga maji ya kuoshea vyombo kabla hajaulizwa. Alifariki ghafla, bado ana miaka mingi mbele ya kustaafu.

Serikali ilituzikia vizuri. Nasema hivyo bila kejeli. Jeneza lililetwa, sanda ililetwa, lori la halmashauri likausafirisha mwili mpaka kijijini, na afisa mmoja akasimama makaburini kusoma salamu za rambirambi kwa sauti iliyotetemeka kweli. Kanuni za utumishi zinaagiza mambo hayo, na mambo hayo yalifanyika ndani ya siku chache, barabara mbovu na yote.

Matanga yakaanuliwa, lori likarudi mjini. Mwezi uliofuata mshahara ukakatika. Kumtoa marehemu kwenye orodha ya mishahara kulikwenda haraka mno. Kuwaingiza wanawe kwenye orodha ya mafao kulikwenda miaka. Ulitakiwa muhtasari wa kikao cha ukoo. Ikatakiwa barua ya mtendaji wa kata, cheti cha kifo, cheti cha ndoa, vyeti vya kuzaliwa vya kila mtoto, picha, na hati ya usimamizi wa mirathi kutoka Mahakama ya Mwanzo. Mama alivipata vyote, kimoja baada ya kingine, akavitia katika bahasha ya kaki, bahasha akaitia katika mfuko wa nailoni kwa sababu ya mvua. Ndipo ikaonekana kwamba kwenye barua ya ajira ya mwaka alioanza kazi, jina la babu lilikuwa na herufi "i" mwishoni, na kwenye cheti cha kifo halina. Herufi moja. Tukarudishwa kuanza na hati ya kiapo, kisha jalada likapelekwa mkoani, kisha likawa halionekani.

Mwaka 2016, serikali ilipofanya uhakiki na kukuta watumishi hewa zaidi ya 10,000, kumbe baadhi yao ni watu waliokwisha kufa na mishahara yao inaendelea kutoka, mama alisoma gazeti akacheka mpaka machozi. Wapo marehemu waliofaidi. Wa kwetu alikufa upesi sana kwenye makaratasi.

Fedha ilipotoka hatimaye, kaka yangu aliyeacha shule kidato cha tatu akaenda kubeba mizigo stendi alikuwa tayari ana mtoto wake. Ada iliyokusudiwa kwa fedha zile haikuwa na wa kumlipia. Tuliezeka nyumba. Baba mdogo mmoja akadai gharama za safari zake za kuja kwenye vikao, akapewa. Fedha iliisha, na kusema kweli haikuwa ndogo. Ilikuwa imechelewa tu, na kwa mtoto aliyekuwa na umri wa miaka kumi na saba, kuchelewa huko ndiko kulikoamua maisha.

Ndiyo maana nilipokuwa nasoma hukumu za India kuhusu jambo hili, kilichonigusa zaidi kilikuwa tarehe. Mjane mmoja, mumewe mtunza stoo katika idara ya barabara za mpakani, alifiwa mwaka 1982 akiwa na watoto wawili wadogo. Aliomba kazi mwaka uleule. Hukumu ya kumpa ilitoka 1989, na majaji wa Mahakama ya Juu wakasema kwa ukali kwamba maombi ya namna hiyo hayapaswi kukalishwa miaka. Kama hakuna nafasi, itengenezwe ya ziada. Lakini soma hukumu za miaka ya karibuni uone upande wa pili. Mwaka 2023 mahakama hiyohiyo iliwakatalia watoto wa watumishi wa manispaa waliokuwa wamesubiri zaidi ya muongo mmoja. Ilisema kwamba familia iliyoweza kuishi muda wote huo imekwisha kuvuka lile janga. Mwaka 2025 ikamkatalia mtoto wa mfanyakazi wa benki ambaye baba yake alifariki 2001, ikaagiza alipwe kiasi fulani mara moja yaishe. Baba alikufa mtoto akiwa kijana, na hukumu ikatoka akiwa mtu mzima mwenye mvi.

Mtu anaweza kuwalaumu majaji, lakini mimi nawaelewa. Ukimpa mtu kazi miaka ishirini baada ya msiba, humsaidii aliyefiwa. Unamrithisha cheo mtu ambaye ana umri wa kugombea na wenzake. Kitu kilekile ambacho mwezi wa kwanza ni huruma, mwaka wa kumi ni upendeleo, na mwaka wa ishirini ni kesi. Na aliyekigeuza kuwa kesi, mara nyingi, si mwombaji. Ni ofisi iliyolikalia jalada, kisha wakili wa ofisi hiyohiyo akasimama mahakamani kusema muda umepita.

Kuna watu watakaosema basi tuuige utaratibu huu hapa nyumbani. Nimesikia hoja hiyo kwenye misiba ya watumishi, tena ikitoka kwa wazee wenye busara: mtoto wa mwalimu naye apewe japo ulinzi wa shule. Kama mtoto wa bwana afya, roho yangu inaitikia. Mama alikuwa na darasa la saba. Kule India mjane anayepewa kazi za ngazi ya chini kabisa huweza kusamehewa masharti ya elimu. Mama angepewa ufagio wa zahanati, kaka angemaliza shule, na jambo hilo lisingemwumiza mtu yeyote ninayemjua.

Lakini ninaowajua si wote. Yupo binti wa mkulima ambaye baba yake naye amekufa, hana mwajiri, hana jalada popote, na ana cheti kizuri kuliko changu. Ameomba kazi kwenye mfumo wa Sekretarieti ya Ajira, amefanya usaili, anasubiri kuitwa. Kifo cha baba yake hakina alama. Mwaka 2024 mahakama ya juu ya Pakistan ilifuta ajira za kurithishana za watoto wa watumishi, ikaona zinavunja usawa wa raia. Ukimtazama binti huyo, ni vigumu kusema walikosea.

Tena kazi ikiwa kitu cha kurithi, inavuta maneno ya urithi. Kufa kufaana, ndivyo tunavyosema kwa mzaha, ila kuna mahali mzaha huo uligeuka. Mwaka 2020 magazeti ya India yaliripoti kutoka Jharkhand kwamba polisi walimkamata mtu kwa tuhuma za kumuua baba yake, mfanyakazi wa kampuni ya serikali ya makaa ya mawe, ili apewe ajira yake. Ni tukio la mtu mmoja na halipaswi kuwahukumu maelfu waliopata kazi hizo kwa machozi halali. Hata hivyo linakaa kichwani.

Na hata pasipo damu, kuna swali la nani awe mrithi. Kwa muda mrefu majimbo kadhaa yalimruhusu mtoto wa kiume, mwenye mke au asiye na mke, na binti kwa sharti awe hajaolewa. Mwaka 2020 Mahakama Kuu ya Karnataka ililifuta sharti hilo, ikisema ndoa haimwondoi binti katika familia ya baba yake. Mimi binti niliyeolewa nilisoma hukumu hiyo kwa kujidai kidogo. Katika kikao chetu chini ya mwembe, shangazi yangu alitaka kusema akaambiwa yeye ni wa kwa watu. Ndiye aliyekuwa amemuuguza baba usiku wa mwisho. Mwaka 2022 mahakama yao ya juu ikaongeza kwamba mtoto wa mke wa pili asinyimwe ajira hiyo kwa sababu tu ya ndoa ya mama yake. Ukiwa umekulia kwenye ukoo mkubwa, unajua ni misiba mingapi inaingiwa na ugomvi siku ambayo mtoto asiyefahamika anasimama pembeni ya kaburi na sura ileile ya marehemu.

Kwa hiyo simwonei mtu wivu kwa kiti cha marehemu. Lakini ndani ya waraka wao kuna kifungu kimoja ambacho hakizungumziwi sana, na kwangu mimi ndicho chenye thamani kuliko asilimia zote. Kinasema kwamba katika kila wizara afisa wa ustawi wa watumishi aende kuiona familia mara tu baada ya kifo, aieleze inastahili nini, na aisaidie kujaza maombi. Aende yeye. Familia isimfuate.

Nilimuuliza Tai kama afisa huyo alifika kwake. Akasema hakuja afisa. Alikuja karani mmoja, rafiki wa mumewe, baada ya siku kumi na tatu za ibada zao za msiba. Alivua viatu mlangoni, akakaa sakafuni na fomu kwenye goti, akawa anamuuliza swali moja moja: jina kamili, tarehe ya ndoa, watoto wangapi. Tai alikuwa hawezi kukumbuka tarehe ya ndoa yake. Karani akasubiri. Chai ilipoletwa akainywa, akasubiri tena. Alipomaliza akaondoka na fomu mwenyewe ili aipeleke. "Kazi nilipewa baadaye sana," Tai aliniambia, "lakini siku ile ndiyo nilijua sijaachwa."

Nimelifikiria hilo mara nyingi kuliko hukumu zote. Baba yangu alikuwa na wenzake pia. Walichanga, walibeba jeneza, walilia. Hakuna hata mmoja aliyejua kwamba kitu ambacho mama angekihitaji zaidi ni mtu anayejua masijala iko wapi na jalada linapitia meza ya nani. Tumefundishwa kwenda msibani na mchele, sukari na bahasha, na tunafanya vizuri. Ujuzi wetu wa kazi tunauacha ofisini. Afisa utumishi anakuja kuzika akiwa jirani, wakati familia ile inamhitaji akiwa afisa utumishi.

Hilo halihitaji sheria mpya wala asilimia 5. Linahitaji mtu mmoja katika kila halmashauri ambaye, mtumishi akifa, anapewa pikipiki na mafuta aende kabla ya arobaini, akiwa na orodha ya nyaraka, na mamlaka ya kusema "herufi hii tutaisahihisha sisi huku". Kama bajeti inaweza kupata lori la kupeleka maiti, inaweza kupata pikipiki ya kuwafuata walio hai. Naliandika hili nikijua baadhi ya maafisa hufanya hivyo kwa hiari yao, na familia walizozisaidia zinawaombea mpaka leo. Lisiachwe likawa hisani ya mtu mwema.

Na wewe mtumishi unayesoma haya, usiisubiri serikali. Wiki hii nenda masijala, omba kuona jalada lako binafsi. Linganisha jina lako kwenye barua ya ajira, kwenye kitambulisho cha taifa na kwenye cheti cha ndoa, herufi kwa herufi. Hakiki orodha ya wategemezi wako kwenye mfuko wa hifadhi ya jamii, maana huenda uliijaza kabla hujaoa na bado ina jina la mama yako peke yake. Kisha uandike watoto wote, hata yule ambaye nyumbani hujawahi kumtaja.